Bila Kupingwa

Jina lake lilikuwa la pili, chini ya langu,
kwenye karatasi iliyobandikwa kwa uji wa muhogo
ukutani mwa ghala la tumbaku.
Alhamisi lilikuwepo.
Ijumaa wino mwekundu umelipita katikati,
mstari umenyooka, umepigwa kwa rula.
Pembeni: Si mkazi.
Sahihi hakuna. Muhuri nusu, kidau kimekauka.

Si mkazi Eyotaru,
aliyenipa kaa la moto alfajiri mke wangu alipojifungua
na kiberiti chetu kimelowa.
Ua wake na wangu vinagawana mpapai mmoja,
shina kwangu, matunda hudondoka kwake.
Kweli, miezi minne alilala hospitali ya Arua,
sakafuni, kando ya kitanda cha mama yake.
Kweli pia, ana kibanda Ariwara, ng'ambo ya mpaka,
na wiki nyingine harudi.
Labda sheria ingemkataa. Sijui.
Ninachojua, hakuna aliyemuuliza.

Alikwenda kwa miguu hadi makao ya tarafa.
Msimamizi yuko mkutanoni.
Akarudi kesho yake: faili limefungiwa kabatini,
na ufunguo uko mkutanoni na msimamizi.
Siku ya tatu wakamwambia,
mama, muda wa rufaa ni siku mbili.

Mbili tangu lini?

Tangu uamuzi.

Uamuzi uliokaliwa lini? Na nani? Nani alinishtaki?

Karani Ombia akatazama dirishani
kama mtu aliyesikia mvua inakuja.
Haikuwa ikija.

Na mimi? Nilikuwa kwangu, napiga pasi shati.
Nalisema hili kwa kuwa hata mimi sikuulizwa.
Sikupeleka lalamiko. Sikumnong'oneza mtu.
Lakini Ondoga aliponiambia kilabuni,
"Yule mama tumemmaliza,"
nilicheka, nikamnunulia chupa.
Chupa ile imo katika hesabu.

Siku yenyewe tukakusanyika uwanja wa shule.
Kura yetu haina sanduku, ina migongo na visogo:
unasimama nyuma ya umtakaye, jua likikuona,
na shemeji yako akikuona.
Mgombea ni mmoja, mstari wa nini?
Tukapanga hata hivyo, kwa mazoea.
Nyuma yangu wakasogea wachache, kisha wengi,
nikahisi pumzi zao shingoni, nikajiona mtu.
Ndipo Candiru, muuza dagaa, akatoka mstarini,
akaenda hatua kumi kando,
akasimama nyuma ya mtu ambaye hayupo.
Mbele yake aliacha nafasi
ya kutosha mwili mmoja.
Wakamfuata. Saba. Kumi na tisa. Nikaacha kuhesabu.
"Mstari ule si mstari," akasema msimamizi,
na kalamu yake, safari hii ya bluu, ikaandika:
amepita bila kupingwa.
Eyotaru hakuja kuona.
Alikuwa kwake, anabambua karanga.

Jana nimekalia kiti. Kesi yangu ya kwanza:
mbuzi wa Dramani amekula mihogo ya Asiku.
Asiku alisema, akaonyesha mashina yaliyotafunwa, akaketi.
Mambo wazi. Wajumbe wanatazama saa.
Faini elfu ishirini, wameshanong'onezana,
na katibu ameshaandika elfu, bado ishirini.

Nikafungua kinywa kutamka.
Neno likakwama kama mwiba wa samaki.

Nikamgeukia Dramani.
"Na wewe, unasemaje?"

Swali dogo hivyo.
Halina muhuri, halihitaji ufunguo wa kabati.
Dramani mwenyewe alishtuka, akavua kofia,
akaanza na ua lililobomoka tangu Pasaka.

Mlangoni, nyuma ya wote, kikapu kichwani,
alisimama Eyotaru.
Hakutikisa kichwa, hakukunja uso.
Alinitazama kama mtu asomaye tangazo ukutani,
kuanzia juu, polepole,
akilitafuta jina lake.